Doriani: la leo au la kesho?

Mzee anayeniuzia doriani pale Darajani hana maneno mengi. Mkishasalimiana, ukainama juu ya rundo lake, swali lake ni moja: "Wataka la leo au la kesho?" Mwaka wangu wa kwanza Unguja niliona hizo ni mbwembwe za biashara. Nikajibu, "Lolote tu, babu, mradi liwe kubwa." Nikapewa kubwa, nikalipeleka nyumbani, nikalisahau siku tatu chini ya meza. Siku nilipolifungua nilionja kidole kimoja, nikalitupa lote. Miaka miwili mizima nikawa nawahadithia watu kwamba doriani ni tunda la kumpa adui.

Mimi ni mtu wa Tabora, nimekulia kwenye maembe, na embe ni tunda lenye subira. Likiwa bichi unalila na chumvi na pilipili, likiiva unalila, likilegea sana unalitia kwenye juisi. Doriani halina huruma hiyo. Lina siku yake, pengine mbili, na nje ya hapo ni tunda jingine kabisa. Nimekuja kuamini kwamba wengi wanaosema hawalipendi hawajawahi kulila siku yake. Basi nayaandika haya kwa ajili yao, na kwa yeyote anayeshuka bandarini Malindi akasikia harufu asiyoijua.

Kwanza, usilichanganye na yanayofanana nalo

Wageni kutoka bara tunachanganya matatu: fenesi, stafeli na doriani. Yote ya kijani, yote yana ngozi ya vipele, na yote unaweza kuyakuta kwenye meza moja.

Fenesi ndilo kubwa kuliko yote. Linaning'inia kwenye shina na matawi mazito, vipele vyake ni vifupi na butu, na ukilikata linatoa ulimbo mweupe unaonata mpaka kesho. Stafeli lina vimiba laini visivyochoma. Likiiva unalibonyeza kwa kidole, na nyama yake ni nyeupe yenye uchachu. Doriani lina miiba ya kweli, migumu, yenye ncha, na ukilishika kizembe litakutoa damu. Hata jina lake limetoka huko: kwa Kimalei *duri* ni mwiba. Kwa kawaida lina uzito wa kilo moja hadi tatu, umbo la yai au la mviringo, rangi ya kijani hadi kahawia yenye umanjano.

Asili yake ni Asia ya Kusini-Mashariki, Borneo na Sumatra na rasi ya Malay. Hapa Unguja miti yake utaikuta upande wa ardhi nene yenye rutuba, kwenye mashamba ya viungo ya kuelekea Kizimbani na Kidichi, imesimama mirefu juu ya mikarafuu. Pemba nako ipo. Huko kwenye ardhi ya maweni, upande wa fukwe za mashariki, usijisumbue kuitafuta.

Kilichonishangaza mimi ni ukoo wake. Fenesi, linalofanana nalo, si ndugu yake hata kidogo. Ndugu zake ni mbuyu, pamba, msufi, kakao na bamia. Kata bamia kwa upana, tazama vile vyumba vidogo vinavyopangana kama nyota, mara nyingi vitano. Ikumbuke picha hiyo, maana ndiyo itakayokusaidia tukifika kwenye kisu.

Pili, fanya amani na harufu

Usijaribu kujidanganya kwamba hainuki. Inanuka, na ina sababu ya kunuka. Mwaka 2017 watafiti wa Singapore walisoma chembe za urithi za doriani wakakuta kwamba lina nakala nyingi za jeni moja inayotengeneza hewa zenye salfa. Inadhaniwa kwamba harufu hiyo ndiyo mwaliko wa tunda kwa wanyama wa msituni, waje wale na kuzitawanya kokwa. Wewe na mimi tunafika kwenye karamu iliyoandaliwa kwa ajili ya tembo na orangutani.

Moja ya hewa hizo za salfa ni ileile inayotiwa kwenye gesi ya kupikia ili mtu agundue mtungi ukivuja. Aprili 2018, maktaba ya chuo kikuu cha RMIT kule Melbourne ilihamishwa watu wote, mamia yao, kwa hofu ya gesi. Wazima moto walivaa vinyago, wakapekua, wakakuta doriani limeozea kabatini. Kwa hiyo shikeni hili, hasa mnaopikia gesi: doriani lisilale jikoni karibu na mtungi. Harufu yake haina madhara, lakini usiku huo gesi ikivuja kweli, utasema "ni lile doriani tu" ukageuka upande wa pili ukaendelea kulala.

Harufu yenyewe ina hatua zake. La siku yake linanuka utamu mzito, kama vitunguu vinavyokaangwa kwa samli kwenye nyumba ya jirani huku mtu mwingine akichemsha maziwa na sukari. Lililopita siku yake linanuka uchachu, pombe, na mwisho mtaro. Kama ulichowahi kunusa ni hiyo ya mwisho tu, bado hujakutana na doriani.

Tatu, kulichagua

Hapa ndipo penye kazi, na hapa ndipo usione haya kumsumbua muuzaji. Huku kwetu linauzwa kwa tunda, si kwa kilo, na ganda pamoja na kokwa ndiyo sehemu kubwa ya uzito wote. Ukubwa kwa hiyo haukwambii kitu. Babu yangu wa Darajani alinifundisha kuanza na kikonyo, na mpaka leo ndivyo ninavyofanya.

Kitazame kikonyo. Kikiwa kibichi, kinene, chenye unyevu ukikikwaruza kwa ukucha, tunda limeshuka mtini leo au jana. Kikiwa kimekauka na kujikunja, lina siku kadhaa. Kikiwa hakipo kabisa, jiulize nani amekitoa na kwa nini.

Halafu litikise. Lishike kwa kitambaa, lisogeze sikioni, ulitikise taratibu. Bichi halisemi kitu, kwa sababu nyama imeshikana na ganda. Lililoiva linagonga kidogo ndani, sauti nzito na ya chini, kama mtu anayegeuka kitandani chumba cha pili. Likisikika majimaji yanayocheza, rudisha, hilo limepita.

Kisha bana miiba miwili inayopakana, uivute ikaribiane kwa vidole. Ikikubali kidogo, limeiva. Ikiwa migumu kama msumari, bado.

Mwisho nusa, lakini nusa mahali pake: chini ya tunda, upande ulio mbali na kikonyo, kwenye mistari inayokutana. Harufu tamu itakuja bila kulazimishwa. Kama hakuna harufu kabisa, hilo ni la kesho au la keshokutwa. Rangi usiihangaikie, kwani yapo yanayoiva huku bado ni ya kijani. Angalia tu matundu madogo ya wadudu, na lile lililokwisha kupasuka wazi usilichukue hata likipunguzwa bei. Ufa mwembamba hauna neno ikiwa unalila saa hiyohiyo.

Ukiulizwa "la leo au la kesho", sasa unajua unachoulizwa. Jibu kwa saa: "La leo jioni, babu, baada ya magharibi." Utaona atakavyoacha lile aliloshika na kuinuka kwenda kutafuta jingine.

Neno moja juu ya yale ya kuanguka na yale ya kukatwa. Malaysia wanangoja tunda lidondoke lenyewe usiku, kukicha wanaokota. Thailand wanalikata mtini likiwa limekomaa lakini halijaiva, liivie njiani, maana biashara yao kubwa ni ya kusafirisha. La kudondoka lina ladha nzito zaidi na maisha mafupi. La kukatwa ni pole, linavumilia safari. Mtu anayeanza nisingemlaumu akianza na hilo la pole. Na wewe usomaye ukiwa Ulaya au Marekani, kwenye duka la Waasia utakuta mara nyingi aina ya Monthong ya Thailand, imegandishwa, zima au nyama tupu kwenye boksi. Iyeyushe ndani ya friji usiku kucha, si juani, na yote niliyosema juu ya kikonyo yasahau.

Nne, kulibeba

Kwa daladala, lifunge gunia na ukae karibu na dirisha. Singapore wamelipiga marufuku kwenye treni za mjini kwa alama maalumu ukutani, na hoteli nyingi za Asia hazilipokei. Boti ni habari nyingine. Niliwahi kuvuka nalo kwenda Dar, nimelizungushia magazeti na kanga mbili ndani ya mkoba. Hatujafika mbali mama mmoja aliyekaa mbele yangu alianza kumgeuza mtoto wake akimkagua nepi. Nikanyamaza. Akamkagua mara ya pili. Nikainuka na mkoba wangu nikaenda kusimama nje nyuma, kwenye upepo na moshi wa injini, mpaka tunatia nanga.

Tano, kulifungua

Mara ya kwanza nililifungua kama fenesi. Fenesi, kama ujuavyo, huligusi kabla ya kupaka mafuta mikononi na kwenye kisu kwa ajili ya ulimbo. Basi nikajipaka mafuta ya nazi vizuri mpaka kwenye viwiko, nikachukua kisu kirefu cha nyama, nikalilaza doriani ubavu ili nilikate katikati. Kisu kiliteleza kwenye mwiba, mkono ukafuata. Bibi wa nyumba ya pili alinikuta nimefunga kidole kwa leso. Hakucheka hapohapo. Alikaa kitako kwanza, ndipo akacheka.

"Mjukuu wangu," akasema, "hili halikatwi. Hili hufunguliwa."

Na tofauti ni hiyohiyo. Doriani halina ulimbo, kwa hiyo mafuta hayana kazi isipokuwa kukuumiza. Na ganda lake lina mahali pake pa kupasukia, kama mlango wenye bawaba. Fanya hivi:

Tandika gunia au taulo nene chini. Lisimamishe tunda kikonyo kikitazama chini, ile ncha ya pili ije juu. Funga mkono wa kushoto kwa kitambaa kilichokunjwa mara nne, au vaa glavu ngumu za bustani.

Tazama pale juu. Kati ya miiba utaona mistari hafifu, mara nyingi mitano, inatoka kwenye nukta moja na kushuka mbavuni. Ndiyo ile nyota ya bamia. Ukikosa kuiona, pitisha kidole polepole: miiba imejipanga ikiachana pande mbili, kama nywele zilizopasuliwa njia.

Chukua kisu kifupi, kinene, cha bapa gumu. Chomeka ncha kwenye ile nukta, sentimita mbili au tatu, isizidi, usije ukatoboa nyama. Usikate. Kizungushe kisu kama unavyozungusha ufunguo. Tunda lililoiva linatoa mlio wa kupasuka na ufa unakimbia kwenye mstari wake. Weka kisu pembeni, ingiza vidole vilivyofungwa kitambaa kwenye ufa, vuta pande mbili. Litaachia kwa ubishi kidogo, halafu ghafla.

Ndani ganda ni jeupe, laini kama sufi, na kwenye kila chumba zimelala nyama za manjano, moja, mbili au tatu, kila moja imeikumbatia kokwa yake. Chumba kikishakuwa wazi, kile kinachofuata utakifungua kwa kubonyeza tu na kuvuta.

Kama umezungusha kisu kwa nguvu zako zote na ufa haujaonekana, acha. Halijaiva. Liache mahali penye hewa hadi kesho, lakini usilisahau kama nilivyolisahau mimi. Bichi lililofunguliwa halina wa kulirudisha.

Sita, kula

Kijiko weka mbali. Doriani linaliwa kwa vidole. Nyanyua nyama moja na kokwa yake, ishike kwa ncha za vidole, na uitazame: ngozi yake inatakiwa iwe nyororo, ikunjamane kidogo ukiibonyeza, kama malai juu ya maziwa yaliyopoa. Ikichuruzika mkononi imepita. Ikiwa ngumu kama kiazi bado.

Mara ya kwanza kula kidogo, ukubwa wa tende. Usizibe pua. Nawaona wengi wanaziba, na kwa kufanya hivyo wanajinyima nusu ya ladha halafu wanasema halina ladha. Fanya kinyume: likiwa mdomoni, pumua nje kwa pua, polepole. Hapo ile harufu iliyokutisha inageuka, inakuwa lozi, maziwa mazito, sukari iliyoungua kidogo, na kwa mbali sana kitunguu. Mimi hicho kitunguu ndicho kilichonichukua muda. Sasa kikikosekana naona tunda limepooza.

Ukishindwa na moto wake, liweke kwenye friji saa moja ndani ya chombo chenye mfuniko unaokaza kweli. Baridi inatuliza harufu, na kwa anayeanza ni njia ya heshima. Lililogandishwa linakuwa kama aiskrimu. Bibi jirani anapondaponda nyama iliyobaki na maziwa na hiliki kidogo, anawapa wajukuu kwa kikombe. Nimejaribu kulitia kwenye chapati za maji, sikushauri.

Kiasi? Nyama mbili tatu zinatosha kwa kikao kimoja. Hili si tikiti maji. Gramu 100 zina takriban kalori 147, na lina mafuta kidogo, jambo lisilo la kawaida kwenye matunda. Mwenye kisukari ajipimie kama anavyojipimia wali. Mwenye maradhi ya figo aliyeambiwa apunguze potasiamu alikwepe, kwani hizo gramu 100 zina miligramu zaidi ya 430, kuliko hata ndizi mbivu. Na kwa wanaokunywa: usichanganye na pombe. Mwaka 2009 watafiti wa Chuo Kikuu cha Tsukuba, Japani, walionyesha maabara kwamba dondoo ya doriani inaweza kukwamisha hadi asilimia 70 ya kazi ya kimeng'enya kinachosaidia mwili kuondoa sumu ya pombe. Onyo hilo Waasia walikuwa nalo siku nyingi bila maabara.

Saba, mikono na makapi

Sabuni pekee haitoshi. Wamalei wana mbinu ambayo nimeijaribu na kuikubali: wanatia maji ndani ya ganda tupu, kwenye kile chumba cheupe, wananawia humo kwa kusugua. Wengine wanatia chumvi kidogo wakasukutua mdomo. Sijui ni ganda au ni kule kusugua, ila vidole vinarudi kuwa vyangu.

Ganda litoe nje siku hiyohiyo, ukiwa umelifunga vizuri, maana mpita njia akikanyaga na ndala miiba haina heshima.

Kokwa usizitupe, na usizile mbichi, kwani zina asidi za mafuta zisizofaa mwilini mpaka zipikwe. Zioshe, zichemshe na chumvi kama unavyochemsha za fenesi mpaka uma upenye, au zichome kwenye makaa. Menya, kula. Ni kama muhogo uliochangamka.

Ukitaka kupanda, usizianike. Kokwa ya doriani ikikauka imekufa, haingoji msimu kama mahindi. Ioshe, ipande wiki hiyohiyo, kwenye udongo mwepesi usiotuamisha maji, palipo na kivuli. Itazame majani yake yakitoka: juu kijani cha giza, chini yanang'aa kama shaba. Mti wa kokwa unaweza kukuweka miaka saba mpaka kumi au zaidi kabla hujaona tunda. Wa kubebeshwa, yaani mche uliounganishwa na kijiti cha mti unaozaa, unawahi. Na mahali pa kuupanda pachague ukikumbuka kwamba utarefuka kupita nyumba, na kwamba siku moja kilo mbili za miiba zitashuka kutoka huko juu bila kugonga hodi. Wa kwangu upo nyuma ya choo cha nje, una majani sita. Bibi jirani ameshanionya nihamishe choo.